Mkono wa Fini na Kinywa cha Herzog: Uhakiki wa Filamu za Werner Herzog Juu ya Watu Walio Pembeni

Utangulizi

Sisi wachungaji ni watu wa kusimulia habari za wengine. Siku ya mazishi tunaufafanua wasifu wa marehemu mbele ya waombolezaji. Jumapili tunatoa mimbarini mfano wa mgonjwa tuliyemtembelea au wa kijana aliyerudi nyumbani. Katika taarifa za diakonia tunaandika habari za walemavu, yatima na wafungwa, na taarifa hizo husafiri hadi ng'ambo kwa marafiki wa kanisa. Mara nyingi wale tunaowasimulia hawana nafasi ya kutusahihisha: marehemu amekwisha kuzikwa, mlemavu hakualikwa kikaoni, mfungwa yuko nyuma ya kuta. Kwa hiyo namna ya kumsimulia mtu kwa haki si swali la wasanii peke yao.

Katika makala hii tunakusudia kulichunguza swali hilo kwa kuhakiki baadhi ya kazi za Werner Herzog, mtengenezaji wa filamu wa Kijerumani aliyezaliwa Munich mwaka 1942. Wako wanaomfahamu kwa filamu zake za kuigiza. Sisi tutashughulika na zile za hali halisi, yaani zenye kuwaonyesha watu wenyewe katika maisha yao. Humo amewaendea watu ambao maisha yao hayafanani na ya walio wengi: mwanamke kiziwi asiyeona, mtu aliyejitenga akaishi kati ya dubu, mfungwa anayengoja kuuawa kwa hukumu ya mahakama. Wahakiki wengi wamemsifu kwamba hawacheki watu hao, wala hawageuzi kuwa maajabu ya kutazamwa, bali anajitahidi kuhisi pamoja nao. Sifa hiyo ni ya haki, lakini haitoshi. Tunadai kwamba ndani ya huruma ya Herzog mna mambo mawili yanayopingana: uwezo mkubwa wa kungoja mpaka mtu ajidhihirishe mwenyewe, na tabia ya kumtilia mtu huyo maneno kinywani. Jambo la kwanza ndilo linalozipa filamu zake uzito. La pili linaupunguza uzito huo, hata linapofanywa kwa upendo.

Filamu iliyopigwa kwetu

Inafaa kuanza karibu na nyumbani. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Herzog alifika Afrika ya Mashariki akatengeneza filamu ya dakika 45 juu ya madaktari waendao kwa ndege. Hao walikuwa wa lile shirika lililoanzishwa mwaka 1957, ambalo leo tunalifahamu kwa jina la Amref. Tunawaona waganga wakishuka kutoka katika ndege ndogo, wakipasua wagonjwa mahali palipo mbali na miji, kisha wakiruka tena kwenda kwingine. Ni kazi njema, na filamu inaionyesha kwa heshima.

Lakini tuwatazame wale wanaohudumiwa. Kuna gari la tiba lenye ngazi chache, na baadhi ya watu wanasita kuzipanda. Kuna picha kubwa ya jicho, iliyotengenezwa kwa ajili ya kufundishia afya, na baadhi ya wanaoonyeshwa hawaitambui. Mtengenezaji wa filamu anaona hapo jambo la kustaajabisha, kwamba picha nayo ni lugha inayopaswa kujifunzwa, na hilo ni kweli. Hata hivyo watu hawa wanaulizwa kwa namna mtahiniwa anavyoulizwa: majibu yao yanahesabiwa, hayasikilizwi. Wanaozungumza kwa kirefu ni wale wanaotibu. Yule aliyesimama chini ya ngazi hatupati kujua anahofia nini, wala ni nini alichoambiwa na wazee wake juu ya nyumba iliyoinuliwa kutoka ardhini, wala kama anahofia kitu chochote kabisa. Herzog mwenyewe amesema baadaye kwamba kazi ile aliihesabu kuwa taarifa zaidi kuliko filamu. Tunakubaliana naye. Taarifa huandikwa juu ya watu, na yawezekana kuiandika vizuri sana bila kukutana na mmoja wao.

Nchi ya kimya na giza

Mwaka 1971 Herzog alitoa filamu ya namna nyingine kabisa. Jina lake kwa Kijerumani ni Land des Schweigens und der Dunkelheit, yaani Nchi ya Kimya na Giza. Anayesimuliwa ni Fini Straubinger, mwanamke wa Bavaria mwenye umri wa miaka 56. Akiwa mtoto alianguka kwenye ngazi. Alipokuwa kijana akapoteza macho, kisha masikio. Akalala kitandani kwa muda wa miaka ipatayo 30. Hatimaye akainuka, na kazi aliyoifanya baada ya kuinuka ndiyo filamu inayoifuata: anawazungukia viziwi wasioona wenzake, mmoja mmoja, nyumbani mwao na katika vituo walikowekwa.

Fini bado anasema kwa sauti yake, kwa kuwa alikwisha kujua lugha kabla masikio hayajafungwa. Ila wengine wakitaka kusema naye hawana budi kumwandikia kiganjani. Kila herufi ina mguso wake: kidole fulani kinagongwa, kingine kinapapaswa, kingine kinabanwa. Ni alfabeti iliyobuniwa katika karne ya 19 na mwandishi Hieronymus Lorm, ambaye mwenyewe alikuwa amepoteza kusikia na kuona. Herzog alijifunza kuitumia ili aweze kuzungumza na Fini bila kupitia kwa mtu wa tatu. Jambo hili tungependa wanafunzi wetu walizingatie. Kabla ya kuomba chochote kwa Fini, mtengenezaji wa filamu alikubali kuwa mwanafunzi wa mikono yake. Katika filamu nzima tunaona mikono ikiandika na kupokea. Fini anaeleza kwamba mtu akiuachia mkono wake, hata kama amesimama pale pale, kwake huyo amekwenda mbali sana. Mtazamaji anayesikia hayo anaanza kuitazama mikono kwa hofu, asije mtu akaiachia.

Tutaje matukio machache. Fini na rafiki yake wanapandishwa ndege ndogo kwa mara ya kwanza, na nyuso zao zinajaa furaha ambayo haihitaji maelezo. Katika nyumba nyingine yuko kijana wa miaka 22, aliyezaliwa haoni wala hasikii, na ambaye hakupata mtu wa kumfundisha. Anajigonga kichwani kwa mpira na kupuliza midomo. Fini anaketi naye. Baadaye anapewa redio. Anaikumbatia kifuani na kuisikiliza kwa mwili, kwa mtetemo wake. Katika hospitali ya wagonjwa wa akili yuko mwanamke ambaye mama yake ndiye aliyekuwa mtu pekee wa kuwasiliana naye. Mama alipofariki, mlango ukafungwa. Fini anamgusa na kumwita, wala hapati jibu. Filamu haituletei jibu la kutufariji. Inamwacha mwanamke yule katika kimya chake, na Fini akiwa amemshika.

Tukio lililo kuu liko karibu na mwisho. Tunakutana na mwanamume mmoja kiziwi ambaye macho yake yalipofuka alipokuwa na umri wa miaka 35. Watu walimwacha, naye akaenda kuishi na ng'ombe zizini, hata akasahau kusema na kuandika. Wakati wengine wameketi wakizungumza habari zake, yeye anainuka katika benchi na kuanza kutembea peke yake. Kamera inawaacha wazungumzaji na kumfuata. Anafika penye mti. Anagusa tawi, anagusa majani, anapapasa mpaka analifikia shina na kulizunguka kwa mikono. Hakuna anayemwita arudi. Mpiga picha, Jörg Schmidt-Reitwein, hamkaribii kupita kiasi wala hageuzi kamera pengine. Tunamtazama mtu anayeujua mti kwa njia yake, na kwa muda mfupi maelezo yote yaliyosemwa juu yake pale bencheni yanaonekana kuwa madogo.

Hapa ndipo ulipo ubora wa Herzog. Tunakumbuka marafiki wa Ayubu, ambao katika sura ya pili ya kitabu hicho waliketi naye chini siku saba usiku na mchana bila kumwambia neno. Walikuwa wafariji wema kwa muda wote huo. Matatizo yao yalianza walipofungua vinywa.

Maneno ambayo Fini hakuyasema

Filamu hiyo ina mwanzo na mwisho vinavyotupa taabu. Mwanzoni tunasikia habari za kumbukumbu ya Fini: zamani, kabla hajapofuka, aliwaona warukaji wa skii, wale wanamichezo wa nchi za baridi wanaoteleza mlimani juu ya theluji na mbao ndefu miguuni, kisha wakajirusha angani. Ni picha nzuri ya mtu anayeikumbuka nuru. Mwishoni inaletwa sentensi yenye maana kwamba vita ya dunia ingelipuka sasa, yeye asingeitambua. Watazamaji wengi wameondoka na sentensi hiyo kama ndiyo muhtasari wa maisha yake.

Herzog amekiri hadharani, katika mazungumzo yaliyochapishwa miaka mingi baadaye, kwamba yote mawili aliyatunga yeye. Fini hakuwahi kumwona mrukaji wa skii. Sentensi ya vita hakuisema. Mtengenezaji aliona kwamba maneno hayo yanaieleza vema hali ya ndani ya mtu kama Fini, naye Fini, kwa maelezo ya Herzog, alikubali kuisema ile kumbukumbu.

Tuyapime maneno hayo mawili kwa filamu yenyewe. Hao warukaji wa skii ni wa nani? Herzog ameeleza mara nyingi kwamba tangu utoto wake alitamani kuwa mrukaji wa skii, na mwaka 1974 alitoa filamu nzima juu ya mrukaji Mswisi, Walter Steiner. Kumbukumbu ile basi ilikuwa ndoto ya Herzog, aliyoitoa kifuani mwake akaiweka katika kinywa cha mwanamke ambaye miaka 30 alikuwa kitandani. Yawezekana aliitoa kama zawadi. Hata hivyo ilichukua mahali pa kumbukumbu nyingine. Fini aliona mpaka umri wa ujana wake. Bila shaka alikuwa na kitu fulani alichokiona na ambacho hakukisahau. Hicho hatukioni pale mwanzoni, kwa kuwa nafasi yake imekaliwa na cha Herzog.

Sentensi ya vita ina kasoro kubwa zaidi, kwa sababu inapingana na yale tuliyoonyeshwa. Katika filamu nzima Fini ni mtu anayejua. Anajua nani amefiwa na nani amesahauliwa; anajua wapi pa kwenda kubisha hodi. Isitoshe, mwanamke mwenye miaka 56 mnamo mwaka 1971 alikuwa mtu mzima wakati wa Vita Kuu ya Pili, tena alikuwa tayari ameingia katika kimya na giza. Alikuwa Ujerumani, kitandani, vita ya dunia ikipita juu ya paa. Kuhusu jambo hilo alikuwa shahidi, na mashahidi wa namna yake ni wachache mno duniani. Sentensi ya kutungwa inatuambia asingetambua. Kumbe palikuwa na swali la kumwandikia kiganjani: ile vita iliyopita, mama, uliitambuaje? Pale pale ambapo maneno yake yangekuwa na thamani kuliko ya mtu mwingine yeyote, akasemewa.

Utetezi wa Herzog na jibu letu

Herzog ana utetezi wake, na haifai kuupuuza. Mwaka 1999, mjini Minneapolis, alitoa tamko lenye hoja 12. Humo anapinga wale wanaodhani kwamba kuelekeza tu kamera kwenye mambo kunatosha kuleta ukweli. Kwake huo ni ukweli wa mhasibu, wa kujumlisha yaliyo juu. Upo ukweli wa ndani zaidi, anasema, unaofikiwa kwa ubunifu na hata kwa kutunga. Hakuishia kwa Fini. Filamu yake ya mwaka 1992 juu ya visima vya mafuta vilivyowaka Kuwait inaanza kwa maneno yanayodaiwa kuwa ya Blaise Pascal, ambayo aliyaandika Herzog. Mwaka 1997, katika filamu juu ya Dieter Dengler, rubani aliyetoroka utumwani Laos, tunamwona Dengler akifungua na kufunga mlango wa nyumba yake mara kadhaa, ili kuhakikisha kwamba yu huru. Tendo hilo lilikuwa wazo la Herzog.

Mtu anaweza kuongeza kwamba hata Maandiko yana hadithi za kutungwa. Nabii Nathani, katika kitabu cha pili cha Samweli sura ya 12, alimtungia Daudi habari ya maskini na mwana-kondoo wake, na kwa utungo huo akamfikisha mfalme penye ukweli ambao taarifa ya mhasibu isingemfikisha. Bwana wetu naye alifundisha kwa mifano. Kwa nini basi msanii azuiwe?

Jibu letu ni kwamba hatumzuii kutunga. Tunauliza anatunga kwa jina la nani. Maskini wa Nathani hakuwa na jina wala nyumba mjini, na hakuna jirani aliyeweza kusingiziwa. Nathani alipomaliza aliufunua mfano wake pale pale, mbele ya msikiaji, na kubeba hatari ya maneno yake mwenyewe. Fini Straubinger alikuwa na jina, na mtaa, na watu waliomfahamu. Tena hali yake ilimweka mahali pa pekee: alikuwa mtu aliyesimuliwa katika filamu asiyoweza kuiona wala kuisikia. Mtu mwingine angeweza kuketi ukumbini, akaitazama kazi iliyokamilika na kusema, hapa mmenikosea. Fini alitegemea yale atakayoandikiwa mkononi. Kadiri jirani anavyokuwa na uwezo mdogo wa kutusahihisha, ndivyo wajibu wetu wa kuyalinda maneno yake unavyozidi.

Kwetu sisi Walutheri suala hili liko katika Amri ya Nane. Tumezoea kuwafundisha watoto wa kipaimara kwamba amri hiyo inakataza kumzulia jirani mabaya. Luther katika Katekisimo Ndogo anakwenda mbele: anatutaka tumtetee jirani, tumseme vizuri na kuyafasiri mambo yake yote kwa wema. Herzog angeweza kusema kwamba hayo ndiyo aliyoyafanya, kwani alimpa Fini maneno mazuri. Lakini kufasiri kwa wema ni kufasiri kitu ambacho jirani amekitenda au amekisema. Ufafanuzi wa Luther hauruhusu kumtengenezea jirani maneno, halafu tukayafasiri kwa wema hayo tuliyomtengenezea. Ushuhuda usio wa kweli hauwi wa kweli kwa kuwa unampamba mshuhudiwa. Atabaki hajulikani, na pambo ndilo litakalojulikana.

Kanda isiyosikika

Mwaka 2005 Herzog alitoa filamu ya Grizzly Man. Anasimulia habari za Timothy Treadwell, Mmarekani aliyekaa kati ya dubu wakubwa wa Alaska majira 13 ya kiangazi, akijipiga picha kwa kamera yake mwenyewe na kuwaita dubu rafiki zake. Mwezi wa Oktoba 2003 dubu alimuua pamoja na mwanamke aliyekuwa naye. Treadwell ni mtu rahisi kuchekwa. Sauti yake ni ya kitoto, anajisifu, analia, anawatukana maofisa wa hifadhi. Herzog alikuwa na zaidi ya saa 100 za picha zake, na angeweza kumfanya mwendawazimu kwa kuchagua vipande tu.

Afanya nini? Kwanza anamheshimu Treadwell kama mpiga picha, na kutuonyesha vipande ambavyo vina uzuri ambao hata Treadwell hakuukusudia: upepo katika nyasi, mbweha anayepita. Pili, asipokubaliana naye anasema waziwazi, kwa sauti yake mwenyewe. Treadwell aliona urafiki katika nyuso za dubu. Herzog anatuambia kwamba yeye haoni humo urafiki wowote, anaona maumbile yasiyomjali mtu. Mtazamaji anajua nani amesema nini. Wanaume wawili wanabishana, mmoja akiwa marehemu, na marehemu ameachiwa maneno yake yote.

Jambo la tatu ni zito zaidi. Wakati wa shambulio kamera ya Treadwell ilikuwa imefunikwa, ila ilirekodi sauti. Herzog anaisikiliza kanda hiyo kwa vidude vya masikioni, mbele ya rafiki wa karibu wa marehemu aliyeitunza. Sisi hatusikii kitu. Tunaona tu uso wa mama yule akimtazama anayesikiliza. Kisha Herzog anamshauri asiisikilize kamwe, na kwamba ingefaa aiharibu. Hapa mtengenezaji aliyewahi kumtilia mtu maneno anakataa kutoa hata sauti ya kweli aliyo nayo mkononi. Wapo wahakiki wanaosema kwamba kutuonyesha anavyosikiliza ni namna ya kututamanisha, na hoja hiyo ina nguvu kiasi. Hata hivyo tunaona alitambua jambo ambalo kila mchungaji aliyeketi penye kitanda cha mtu anayekata roho analijua: si kila tulichokisikia kwa kweli ni mali ya kusimuliwa.

Kasisi na kindi

Filamu ya mwisho tutakayoitaja ni Into the Abyss ya mwaka 2011. Inahusu mauaji ya watu watatu yaliyofanyika Texas mwaka 2001 kwa sababu ya gari, na vijana wawili waliohukumiwa. Mmoja, Michael Perry, alihojiwa na Herzog siku nane kabla ya kuuawa, tarehe 1 Julai 2010. Herzog anamwambia mapema kwamba anapinga adhabu ya kifo, na pia kwamba si lazima ampende yeye Perry. Hivyo msimamo wake unakuwa wake. Hamfanyi mfungwa kuwa msemaji wake. Tena anawapa nafasi ndugu wa waliouawa, ambao uchungu wao hauiungi mkono hoja ya mtengenezaji, wala haukatizwi. Yupo pia aliyekuwa mkuu wa kikosi cha kuwafunga wahukumiwa katika kitanda cha kuuawa, ambaye baada ya kushiriki mara zaidi ya 100 hakuweza kuendelea, akaiacha kazi.

Lakini kwa wasomaji wetu tukio la kusoma kwa makini ni lile la mwanzo. Kasisi wa gereza amesimama katika makaburi ya wafungwa, nyuma yake misalaba. Baada ya muda mfupi atakwenda kusimama karibu na mtu anayeuawa na kumshika mguu. Anaanza kuzungumza kama tunavyozungumza sote tunapowekewa kipaza sauti: juu ya wema wa Mungu, uzuri wa viumbe, faraja. Hakuna neno la uongo katika hayo, ila ni maneno yaliyokuwa yamekwisha kuandaliwa. Anataja kwamba hupenda kucheza gofu asubuhi, na kwamba huwaona wanyama uwanjani, wakiwamo kindi. Herzog, aliye nyuma ya kamera, hamwulizi juu ya theolojia ya kifo. Anamwomba amweleze habari za kukutana na kindi.

Kasisi anasimulia kwamba siku moja kindi wawili walikatiza mbele ya kigari chake, naye akawahi kufunga breki, wakapona. Akiwa bado anasimulia, anatambua anachokisema. Kigari aliweza kukisimamisha. Kile kinachotendeka pale gerezani hawezi kukisimamisha. Sauti inakatika na machozi yanatoka.

Miaka 40 ilikuwa imepita tangu Nchi ya Kimya na Giza. Herzog wa mwaka 1971 angeweza kumtungia kasisi sentensi juu ya huzuni ya kazi yake, na ingekuwa sentensi nzuri. Safari hii alileta swali dogo juu ya mnyama mdogo, kisha akangoja. Maneno yaliyotoka ni ya kasisi, wala hakuna mtungaji ambaye angeyawaza. Katika Injili ya Marko sura ya 10, Bartimayo kipofu analetwa mbele ya Bwana, na shida yake inaonekana na kila mtu aliyepo njiani. Hata hivyo anaulizwa anataka atendewe nini. Swali lile halikuwa la kutafuta habari. Lilikuwa la kumpa mtu nafasi ya kuitaja haja yake kwa kinywa chake.

Hatudai kwamba Herzog aliongoka, wala kwamba kazi zake zimekwenda kwa mstari mmoja kutoka katika kosa hadi katika haki. Uzuri wa Fini na mti ulikuwapo tangu mwaka 1971, na tabia ya kutunga haikumwacha. Tunasema tu kwamba zikilinganishwa filamu zake zenyewe, pale alipongoja na kuuliza amepata zaidi ya pale alipotunga. Kwa kipimo chake mwenyewe cha ukweli wa ndani, kasisi yule amemshinda mrukaji wa skii.

Yanayotupasa

Ndugu msomaji, filamu hizi si rahisi kupatikana katika vyuo vyetu, lakini somo lake halingoji mashine ya kuonyeshea. Tunapendekeza mambo matatu kwa wale wanaojiandaa kwa utumishi na kwa sisi tulio ndani yake.

Kwanza, kabla ya kumsimulia mtu tujifunze alfabeti yake. Kwa kiziwi ni lugha ya alama. Kwa bibi kizee pengine ni lugha ya kikwao badala ya Kiswahili chetu cha mimbarini. Kwa mlevi wa kijiji ni kuketi naye saa ambayo hajalewa. Hilo lina gharama ya muda, na mwenye kulikwepa ataandika taarifa tu.

Pili, maneno yetu tuyatie sahihi yetu. Mhubiri akitaka kutunga mfano, autunge na kusema kwamba ni mfano. Akisema kwamba marehemu alimwambia jambo fulani siku ya mwisho, liwe ni jambo aliloambiwa. Familia zinazosikiliza pale kaburini zitalihifadhi neno hilo miaka mingi na kuwarithisha wajukuu. Vivyo hivyo katika taarifa tunazowapelekea wafadhili: chini ya picha ya mtoto yatima mara nyingi huwekwa sentensi ya shukrani yenye alama za kunukuu. Tujiulize ni nani aliyeisema. Ikiwa aliisema katibu wa mradi, basi na iwe na jina la katibu. Mtoto aulizwe anachotaka kusema, na kama hataki kusema kitu, picha iende bila maneno au isiende.

Tatu, tukubali kwamba kuna yatakayobaki nasi. Mchungaji anayesikia maungamo amefungwa kwa nadhiri ya kuwekwa wakfu kwake asiyatoe. Lakini hata nje ya maungamo, mtu anaweza kutukabidhi jambo katika udhaifu wake, bila kutuomba tulifiche, kwa sababu hakudhani kwamba tungelisema. Mfano mzuri wa mahubiri si sababu ya kutosha ya kulifungua.

Wanafunzi wanaokwenda katika mazoezi ya utumishi mwaka huu watatumwa hospitalini na gerezani, na watatakiwa kurudi na maandishi ya mazungumzo waliyoyafanya na watu huko. Tungewaomba waandike pia sehemu ambazo mgonjwa au mfungwa alinyamaza, na zilichukua muda gani, bila kuzijaza.